Usukani na Kipaza Sauti

Safari ya siku tatu kutoka Edinburgh hadi kisiwa cha Skye na kurudi haina heshima kubwa mbele ya wasafiri wazoefu. Nyanda za juu za Uskoti, wanasema, zinataka mwezi mzima, buti na hema. Anayezipita ndani ya basi dogo la abiria 16 ameona kioo tu. Huenda. Lakini mwenye mwezi mzima akiukosa mlima leo ataupata kesho. Mwenye siku tatu hana kesho, na anayebeba mzigo wa kuifanya leo itoshe ni dereva.

Kazi yake ni kazi mbili ndani ya mtu mmoja: anaendesha na anasimulia. Msomaji aliyewahi kupanda gari la mbugani Serengeti au Maasai Mara anawajua watu wa aina hii. Tofauti ni kwamba huku hakuna simba wa kumwokoa msimulizi aliyeishiwa maneno. Kuna miamba, maji, kondoo na mvua, na vyote hivyo vilikuwapo jana na vitakuwapo kesho. Kwa upande wa usukani anatakiwa awe na leseni ya daraja la D1, na kila miaka 5 awe amemaliza saa 35 za mafunzo ya udereva wa kitaalamu. Upande wa maneno kila mmoja hujisomea na kujinoa mwenyewe, na hapo ndipo madereva wanapoachana.

Wetu alikuwa mtu wa makamo, kilti kiunoni na buti nzito miguuni, mpole wa sauti. Abiria wa kwanza walipofika alikuwa tayari kazini. Alilizunguka gari taratibu, tochi mkononi ingawa kulikuwa kumekucha, na kwenye kila gurudumu akainama. Juu ya kila nati kumechomekwa kishale cha plastiki cha njano, na vishale hivyo hupangwa vikitazamana viwili viwili. Nati ikilegea, kishale chake hugeuka na mpangilio ukavunjika. Kasoro ya namna hiyo huonekana mara moja kwa kupitisha jicho. Yeye hakupitisha jicho, alitazama. Akapapasa ubavu wa kila tairi kwa kiganja akitafuta mpasuko. Akawasha taa, akashuka kuzitazama. Akawasha indiketa, akashuka tena. Mlango wa dharura akaufungua na kuufunga, nyundo ya kuvunjia kioo akaigusa, kizima moto na sanduku la huduma ya kwanza akavikagua. Kisha akaandika kwenye daftari na kutia saini.

Ndipo akatoa ndoo na kitambaa. Alifuta vioo vya abiria kwa nje, kimoja kimoja, akianza juu kwenda chini, halafu akafuta tena kwa kitambaa kikavu ili maji yasiache michirizi. Kioo cha kwake mwenyewe alikifanya mwisho. Watu hawa wamelipia kutazama, na kitu cha kwanza watakachokitazama ni kioo.

Kabla ya kupanga viti aliuliza swali moja: nani huchefuka garini? Tulikiri wawili, na ndivyo nilivyopata kiti cha mbele, kushoto kwake, kwa kuwa huko hushika kushoto kama kwetu. Waliobaki walikaa walipopenda, kwa sharti kwamba kesho waliokaa kulia wahamie kushoto na wa nyuma wasogee mbele. Sharti hilo alilitamka mapema kabisa, kabla mtu hajakizoea kiti na kukiona mali yake. Nimesafiri na makundi ya kutosha kujua kwamba ugomvi wa kiti ukizuka siku ya pili, mandhari yote hugeuka kuwa hoja ya nani anaona na nani haoni.

Kipaza sauti chake ni kijiti chembamba kinachopita shavuni, ili mikono ibaki kwenye usukani. Hakukijaribu kwa kuhesabu moja, mbili, tatu. Alimwuliza bibi aliyekaa kiti cha nyuma kabisa amekula nini asubuhi, akasubiri jibu, akapunguza sauti kidogo, akauliza na chai ilikuwaje. Bibi akajibu bila kukunja uso wala kuinua shingo. Sauti ikabaki hapo hapo kwa siku zote.

Mjini hakusema neno. Kuna tramu, kuna baiskeli, kuna mabasi ya ghorofa, na yeye aliona haya ya kufanya mambo mawili nusu nusu. Tulipoingia barabara kuu ya kwenda Stirling ndipo akaanza, na akaanza kwa ubahili. Karibu na Falkirk yanasimama mafarasi mawili ya chuma, vichwa na shingo tu, yenye urefu wa mita 30, kazi ya mchongaji Andy Scott. Kwa mwendo wa barabara kuu yanaonekana kwa muda mfupi mno. Alituambia tutazame nje, akasema ni sanamu za farasi wa majini wa hadithi za Kiskoti na pia kumbukumbu ya farasi waliovuta mashua na mikokoteni ya viwanda, akanyamaza. Mafarasi yakatokea. Hakuna aliyekuwa bado anatafuta simu yake.

Hapo nilianza kuelewa mbinu yake. Waongozaji wengi husema kitu kinapoonekana, kwa hiyo abiria anageuza kichwa wakati kitu kimeshapita. Huyu alisema kabla. Maelezo yake yalitangulia mahali kwa kilomita moja au mbili, yakaishia pale pale mahali palipoanza.

Stirling nako aliipita kwa maneno machache: ngome juu ya mwamba, mnara wa William Wallace ng'ambo, vita vya darajani vya 1297. Nadhani angeweza kuzungumzia Stirling kutwa nzima. Alichukua vile tu ambavyo tungevihitaji mbele ya safari: kwamba nyanda za chini na za juu zilikuwa nchi mbili zenye lugha mbili, na kwamba koo za milimani ziliogopwa na kudharauliwa na watawala kwa wakati mmoja. Akaviacha hapo, akatupeleka kunywa chai Callander.

Vituo vya chai vina siri yake. Sheria za huko hazimruhusu dereva wa gari la aina hii kuendesha zaidi ya saa 4 na nusu bila mapumziko ya dakika 45, na kifaa kilichofungwa garini hurekodi kila dakika. Kwa hiyo mapumziko yalikuwa lazima, lakini hatukuwahi kuyahisi kama lazima. Yaliangukia penye choo safi, au penye ng'ombe wenye manyoya marefu yanayofunika macho. Kabla ya kuondoka hakuuliza kama tumetimia, kwa sababu asiyekuwapo hawezi kujibu. Alipita katikati ya viti hadi nyuma, akirudi akigusa kila egemeo la kiti. Aliyechelewa alimkuta amesimama mlangoni akimtazama kwa uso ule ule aliowatazama waliowahi. Hakumkaripia. Lakini katika kituo kilichofuata alitaja muda wa kuondoka mara mbili, mara ya pili akiwa karibu na mchelewaji huyo, akimwonyesha saa ya mkononi kana kwamba anataka kuthibitisha yake mwenyewe haikosei.

Baada ya Tyndrum barabara ya A82 hupanda, miti huisha, na mbele hufunguka Rannoch Moor: kilomita za mraba zipatazo 130 za kinamasi cha mboji, mawe na vidimbwi. Njia ya reli hukatiza upande wa mashariki wa nyika hiyo, nayo ilifunguliwa mwaka 1894. Kwa vile kinamasi kilimeza kila kilichotupwa, wajenzi walitandika mizizi ya miti, matawi na udongo, tabaka juu ya tabaka, reli ikalazwa juu yake, na mpaka leo inaelea. Hilo alilisimulia kwa furaha ya fundi anayewasifu mafundi wenzake. Halafu, tulipofika kwenye maji ya Loch Bà, akabadilisha sauti na kuanza habari za Glencoe.

Hadithi yenyewe inajulikana. Koo za milimani zilitakiwa ziwe zimekula kiapo cha utii kwa Mfalme William ifikapo 1 Januari 1692. Chifu MacIain wa MacDonald wa Glencoe alisita hadi dakika za mwisho, akaenda Fort William, akaambiwa huko si mahali pake, aende Inveraray, mwendo mrefu katika theluji. Aliapa tarehe 6. Mwishoni mwa mwezi huo askari wakiongozwa na Robert Campbell wa Glenlyon wakaja bondeni kuomba malazi, wakapokewa, wakalishwa. Kwetu mgeni siku ya tatu hupewa jembe; wale walikaa karibu majuma mawili, wakila na, inavyosimuliwa, wakicheza karata na wenyeji wao. Alfajiri ya 13 Februari wakawageukia. Watu wapatao 38 waliuawa, na wengine wakafa kwa baridi wakikimbilia milimani.

Kutoka Loch Bà hadi lango la bonde si mbali, na hadithi hii inaweza kusimuliwa kwa dakika tatu au kwa nusu saa. Mbele yetu kulikuwa na lori la magogo likijivuta. Nilimwona akilitazama, akitazama kipimo cha mwendo, na simulizi ikapanuka: kiapo kikapata theluji, theluji ikapata farasi aliyechoka. Kisha lori likaingia kando kutupisha. Aliongeza gia, na hadithi nayo ikakaza mwendo. Karata zikapita kwa sentensi moja, amri ya kuua ikafuata. Ilikuwa na viungo, na alijua ni kiungo gani kinakunjika bila kuumiza mwili wa hadithi. Aliitaja alfajiri ile ya Februari wakati barabara inaanza kupinda. Akataja idadi ya waliokufa. Kidole gumba kikazima kipaza sauti, na kwenye kona, Buachaille Etive Mòr ukajaa kwenye kioo, mita 1,021 za jabali lililochongoka, mweusi kwa mvua.

Hakuna aliyesema kitu kwa muda. Jioni yake, nilipomwuliza anajuaje wakati wa kunyamaza, alinijibu kwamba husikiliza simu. Zikianza kupiga picha huku yeye bado anazungumza, anajua amechelewa.

Maegesho yanayotazama vilele vinavyoitwa Dada Watatu ni madogo na siku hiyo yalijaa. Aliyapita ya kwanza bila hata kupunguza mwendo, akaingia ya pili, akaligeuza basi pua ikabili upepo. Nilidhani anatafuta nafasi ya kutokea kwa urahisi. Sababu ilikuwa mlango: upepo wa bonde lile ukiupiga mlango kutoka nyuma unaweza kuung'oa kwenye bawaba. Akatushusha mmoja mmoja, akiwa ameshika mlango kwa mkono wake wakati wote. Alitoa dakika 15. Moyoni, nadhani, alikuwa amepanga 20, maana tulirudi kwa dakika 18 naye akaonekana mtu aliyefurahi kupata dakika mbili za bure.

Dakika hizo alikuwa akiziweka akiba. Nilianza kuzifuatilia tulipopita Fort William, ambako Ben Nevis, mlima mrefu kuliko yote ya Uingereza, ulikuwa umejifunika. Una mita 1,345. Mtu aliyekulia akiutazama Kilimanjaro wenye mita 5,895 anaweza kutabasamu, na nadhani tabasamu langu lilionekana, kwa sababu bila kunigeukia alieleza kwamba mlima huu hupandwa kutoka karibu usawa wa bahari, kwamba kileleni kuna siku chache sana zisizo na ukungu, na kwamba wanaoudharau ndio wanaowapa kazi waokoaji. Hakusimama. Hakuna haja ya kusimama mbele ya wingu. Dakika tano zikaingia kwenye akiba. Kwenye chakula cha mchana huduma ilikuwa ya haraka, zikaingia nyingine.

Alizitumia zote Glen Shiel. Ratiba haikuwa na kituo pale. Tulikuwa tupite tu chini ya safu inayoitwa Dada Watano wa Kintail. Lakini wingu lilipasuka magharibi, na jua likalala upande mmoja wa bonde huku upande wa pili ukinyeshewa. Nilimwona akitazama kioo cha nyuma kuhakikisha hakuna anayemfuata, kisha kioo cha kushoto, halafu indiketa, na gari likatulia kando bila mtikisiko wowote. Akasema tu kwamba hapa hakujapangwa, na aliyetaka kushuka ashuke. Kwa kadiri ya dakika kumi hivi tulisimama kwenye nyasi zilizolowa. Hakueleza chochote kuhusu mapigano ya 1719 yaliyotokea bondeni humo. Hayo aliyahifadhi mpaka tulipokaribia ngome ya Eilean Donan, ambako ndiko yalikohitajika: mwaka huo huo meli za kivita za Uingereza ziliipiga ngome kwa mizinga na kuilipua kwa baruti yake yenyewe, ikabaki gofu kwa karne mbili, na hii inayopigwa picha na kila mtalii ilikamilika kujengwa upya mwaka 1932. Baadhi ya abiria walinung'unika kidogo kusikia kwamba si ya kale sana. Alisema ni kweli, si ya kale sana, akawaacha waamue wenyewe. Wengi waliipiga picha vile vile.

Daraja la kuingilia Skye lilifunguliwa mwaka 1995 na wananchi wakaupinga ushuru wake mpaka ukafutwa Desemba 2004. Alilivuka kwa mwendo wa pole, akitaja mambo hayo mawili tu.

Siku ya pili ndiyo iliyoonyesha mikono yake. Rasi ya Trotternish, kaskazini ya kisiwa, ina ukuta wa majabali unaotazama mashariki. Jua la asubuhi huupiga usoni. Alasiri ukuta hubaki kivulini. Ndiyo maana tuliondoka mjini Portree watu wengine wakiwa bado kwenye kifungua kinywa, tukaanza na Storr, ambako nguzo ya mwamba yenye urefu wa kama mita 50 imesimama peke yake chini ya genge. Alieleza jinsi nchi hii ilivyojengeka: volkano zilimwaga tabaka nene za mwamba mzito juu ya mawe laini ya zamani zaidi, na mawe laini hayakuweza kubeba. Akaonyesha kwa mikono, wakati huo gari likiwa limesimama: jiwe la kusagia lililowekwa ukingoni mwa godoro. Ukingo ukaporomoka vipande vipande, na vipande hivyo ndivyo nguzo, minara na mabonde tunayoyaona. Ni maporomoko makubwa ya ardhi kuliko yote Uingereza, na upande wa Flodigarry ardhi bado inasogea, barabara hutengenezwa mara kwa mara.

Kutoka Staffin hadi Uig barabara hupanda juu ya maporomoko hayo kupitia Quiraing, na ina upana wa gari moja. Kila baada ya hatua kadhaa lami imepanuliwa kidogo upande mmoja na kuwekewa kibao cheupe: hapo ndipo pa kupishania. Kanuni ni chache. Pakiwa kushoto kwako, unaingia. Pakiwa kulia, unasimama mkabala napo barabarani ili anayekuja aingie yeye. Anayepanda mlima hupewa njia inapowezekana. Hairuhusiwi kuegesha hapo, hata kwa picha moja. Kanuni hizi kila dereva wa kukodi gari amezisoma. Wachache wanazifanya, kwa sababu zinadai jicho liwe mbali sana na bampa.

Jicho lake lilikuwa vibao vitatu mbele. Gari lilipotokea kwenye kona ya juu, kabla mimi sijaliona, alikuwa ameshakadiria litafika wapi na sisi tutafika wapi, na akapunguza mwendo kidogo tu, kiasi kwamba magari yote mawili yakafika kwenye kipishio kwa pamoja na hakuna lililosimama kabisa. Vidole viwili viliinuka kwenye usukani kushukuru. Dereva wa upande wa pili naye akainua. Ikawa hivyo tena na tena, mlima wote, bila honi. Mara moja tu kitu kilikwama: gari dogo la kukodi lilipita kipishio kilichokuwa upande wake na kuja kutukabili puani, dereva wake kijana, uso umemtoka jasho. Kipishio cha karibu zaidi sasa kilikuwa nyuma yetu, na basi letu ndilo kubwa. Haki ilikuwa yetu, na kila mtu garini aliijua. Yeye akaweka rivasi. Alirudi nyuma kwa vioo vya pembeni pekee, tairi la kushoto likifuata ukingo wa lami kwa umbali wa kiganja, hatua kama sitini hivi, akaingia kipishioni kwa mkato mmoja. Kijana alipopita aliinuliwa vidole vile vile viwili. Nyuma yangu mtu alianza kulalamikia watu wasiojua kuendesha. Dereva akasema barabara ya kwanza ya namna hii humtisha kila mtu, akarudi kwenye habari za kondoo.

Habari za kondoo zilikuwa na maana. Kondoo wa Skye hulala barabarani kwa sababu lami hushika joto. Mkubwa akiwa peke yake haogopeshi sana. Wa kuogopwa ni mama aliye upande mmoja na mwanawe upande wa pili, kwa maana gari likikaribia mtoto atakimbilia kwa mama, lazima, na atakimbia dakika ya mwisho. Tulimkuta wa namna hiyo kabla ya kona kali. Alisimama kabisa, akangoja mtoto avuke, anyonye kidogo, aridhike. Kwenye kona yenyewe nililoliogopea ni tumbo langu, lakini nilikuwa nimeshaona anavyofanya: breki yote huisha kabla ya kona, gia hushuka, na ndani ya kona mguu hukanyaga mafuta kwa upole ili gari livutwe badala ya kukokotwa. Chupa ya maji niliyoiegemeza kwenye dashibodi haikuanguka. Tumbo halikusema kitu.

Juu, ukungu uliingia. Alitazama saa, akatazama upande wa bahari, akatuambia tule vitafunio kwanza ndani ya gari. Nje, upepo ulipotulia, visubi walitoka kwenye nyasi kwa maelfu, na aliyeharakisha kushuka alirudi akijikuna masikio. Tulingoja. Yeye hakujaza ukimya kwa utani wala hakuahidi kwamba kutafunguka. Upepo ulirudi, ukawachukua visubi na kuusogeza ukungu, akafungua mlango.

Siku ya kurudi ilikuwa na mambo mazito zaidi, na aliyapanga kwa uangalifu wa mtu anayejua abiria wamechoka. Tulipotoka Portree alituonyesha upande wa Braes, ambako mwaka 1882 wakulima wadogo, wanawake wakiwa mstari wa mbele, walikabiliana kwa mawe na polisi wapatao 50 waliotoka Glasgow, kwa sababu wamenyimwa malisho yao ya zamani. Miaka minne baadaye sheria iliwapa wakulima wa aina hiyo haki ya kutofukuzwa ovyo kwenye mashamba yao. Kabla ya hapo vijiji vizima vilihamishwa kuwapisha kondoo. Kondoo wale wale tuliowacheka jana. Hakusema hivyo, aliacha kimya kidogo baada ya neno kondoo, na mtu mmoja nyuma akavuta pumzi. Mimi niliwaza mashamba mengine, karibu zaidi na nyumbani, na nikafikiri msikilizaji wa kila nchi huenda hutia hapo majina yake.

Loch Ness ilipofika, swali lilikuja kama linavyokuja kwake kila safari. Yule mnyama wa ziwani yupo au hayupo? Ziwa lina urefu wa kilomita 37 na kina cha mita 230 hivi, maji yake meusi kwa mboji. Alitoa vipimo hivyo, akataja picha mashuhuri ya 1934 na jinsi miaka 60 baadaye ilivyobainika kuwa ni mchezo wa kubuni, kisha akamwuliza muulizaji, msichana wa miaka kama kumi, yeye ameona nini mpaka sasa. Msichana akasema ameona kitu cheusi. Akataka kujua upande gani, na kikielekea wapi. Walizungumza hivyo mpaka Fort Augustus, kwa umakini, na mama yake msichana akapata kulala.

Kuanzia Laggan karibu wote walilala. Kipaza sauti kilizimwa. Nilitarajia kwamba bila watazamaji angeongeza mwendo kidogo na kulegeza mambo. Kinyume chake, breki zilizidi kuwa laini, na kila alipopita mzunguko wa barabara aliuchukua taratibu zaidi kuliko asubuhi, ili vichwa vilivyoegemea vioo visigongwe. Alipumzika dakika zake za sheria Pitlochry. Tulivuka daraja jipya la Queensferry saa ambayo lile la reli, jekundu, la mwaka 1890, lilikuwa bado linaonekana vizuri upande wa kushoto, na hapo ndipo alipowasha tena kipaza sauti, kwa sauti ya chini, kuwaamsha.

Edinburgh tuliingia saa moja na nusu jioni, kama karatasi ilivyosema. Hakwenda moja kwa moja kwenye kituo chetu. Alikata kona kuelekea stesheni ya Waverley, akasimama, akashuka na kufungua buti la nyuma. Kati yetu kulikuwa na mtu na mkewe wenye treni ya usiku kwenda London. Alikuwa amewauliza saa ya treni hiyo siku ya kwanza, na mabegi yao ndiyo yaliyokuwa mbele ya mengine yote.